Kisiwa cha Watazama-Nyota na Neno la Mama



Juma hili, katika ukurasa wetu wa masomo na jamaa, tunawaletea hadithi ya kusimulia watoto jioni. Ni ya zamani, lakini mwisho wake ni jambo lililotokea kweli, na mwanamke yumo.

Mwaka 1726 Jonathan Swift, mchungaji wa Kianglikana huko Dublin, alitoa kitabu juu ya safari za Gulliver, mtu anayefika katika nchi zisizokuwako duniani. Nchi moja ni Laputa, kisiwa cha mviringo kinachoelea hewani. Katikati yake kuna shimo, na wataalamu wa nyota hupita humo kushuka katika pango lao. Ndani ya pango taa 20 zinawaka bila kuzimwa, darubini na vyombo vya kila namna vimejaa, na jiwe kubwa la sumaku ndilo linalopandisha kisiwa na kukishusha.

Wakubwa wa Laputa wana elimu nyingi. Wameandika orodha ya nyota 10,000. Lakini jicho lao moja limegeukia ndani, la pili linatazama juu. Wamezama katika mawazo hata hawasikii anayewasemesha, mpaka mtumishi awaguse sikio kwa kibofu chenye vijiwe, kilichofungwa kwenye fimbo. Nguo zao haziwakai vizuri, kuta za nyumba zao zimepinda. Usiku hawalali, wanaogopa jua litazimika. Na wake zao? Hakuna anayewaangalia. Wanatamani kushuka chini kwa watu, lakini bila ruhusa ya mfalme hawatoki. Gulliver mwenyewe anasema waliomjibu kwa akili kisiwani kule walikuwa wanawake, wafanyabiashara na watumishi.

Swift alikuwa anawacheka wasomi wa wakati wake. Hata hivyo aliandika kwamba wataalamu wa Laputa waliona miezi miwili ikizunguka Mars, ile sayari nyekundu. Siku zile hakuna mtu aliyekuwa ameiona. Alibahatisha tu. Ikapita miaka 151.

Mwaka 1877, mjini Washington, Marekani, Asaph Hall aliitafuta miezi hiyo kwa darubini kubwa ya serikali. Alitafuta bila kuona kitu, akakaribia kuacha. Mke wake, Angeline Stickney, akamsukuma arudi. Akarudi, na katika mwezi wa nane akaiona yote miwili: kwanza Deimos, na siku chache baadaye Phobos. Hall mwenyewe aliandika kwamba bila mke wake kumtia moyo, pengine angaliacha.

Angeline alikuwa mwalimu wa hesabu. Asaph, aliyekuwa seremala, alikuwa mwanafunzi wake kabla ya kuwa mume wake. Baada ya ndoa alimsaidia kupiga hesabu za nyota. Alipoomba alipwe sawa na mwanaume, mume alikataa, naye akaiacha kazi hiyo. Akalea wavulana wanne. Leo shimo kubwa kuliko yote juu ya mwezi Phobos, lenye upana wa kilomita 9 hivi, linaitwa Stickney.

Wamama, sisi walimu tunawaona darasani watoto wanaofanana na Asaph usiku ule. Akili wanayo, ila wamekosa mtu wa kuwaambia: jaribu tena. Hasa mabinti. Minerval ikipunguka, binti ndiye wa kwanza kubakishwa nyumbani. Zoezi la hesabu likimshinda mara moja, anaambiwa hesabu ni ya wavulana. Anaacha kidogo kidogo, na siku tunapouliza habari zake, ameisha kuolewa.

Neno la mama halilipiwi minerval. Hata mama asiyejua kusoma anaweza kumwambia mtoto: leta daftari, nieleze mliyojifunza leo. Anaweza kugawa kazi, maji na vyombo visimwangukie binti peke yake huku kaka zake wakisoma. Na kikundi chenu, mkiisha kugawana likelemba, mnaweza kuulizana: katika kartié yetu, ni binti gani yuko karibu kuacha masomo? Nani atakwenda kuongea na wazazi wake kabla ya juma kuisha?

Na usiku ambao umeme umekatika na mawingu hayapo, tokeni uani na watoto. Mkiona nyota yenye rangi nyekundu isiyometameta, huenda ni Mars. Miezi yake haionekani kwa macho. Waambieni watoto iko, na nani alimrudisha mumewe kuitafuta.

Tuonane juma lijalo. Mubaki na amani.