Kniertje si Maandishi Tu: Hoja Dhidi ya Uhakiki Unaomfuta Mwigizaji

Uhakiki wetu wa tamthilia una mazoea mabaya ya kuzungumza kana kwamba hakuna aliyewahi kupanda jukwaani. Tunachambua dhamira, tunawagawa wahusika kuwa bapa na duara, tunahesabu tashbihi na sitiari, kisha tunatangaza kwamba tumeihakiki tamthilia, ilhali tulichokihakiki ni kitabu. Na tangu Roland Barthes atangaze kifo cha mwandishi mwishoni mwa miaka ya 1960, hali haikutengenea. Mwandishi aliposhushwa, kiti chake alipewa msomaji. Mwigizaji, ambaye hakuwahi kukikalia, hakukumbukwa na yeyote.

Makala haya yanayapinga mazoea hayo kwa kumrejelea mwigizaji mmoja wa Uholanzi, Esther de Boer-van Rijk, aliyezaliwa Rotterdam mwaka 1853 na kufariki Amsterdam mwaka 1937. Jina lake limefungamana na mhusika Kniertje katika tamthilia ya Herman Heijermans, Op Hoop van Zegen, iliyoonyeshwa kwa mara ya kwanza mjini Amsterdam tarehe 24 Desemba 1900. Aliuigiza uhusika huo zaidi ya mara elfu moja jukwaani, na mara mbili katika filamu: mwaka 1918 na mwaka 1934. Hata hivyo, vitabu vya historia ya drama ya Ulaya vikimtaja Heijermans, humweka kwa haraka baada ya Ibsen na Hauptmann, humwita mfuasi wa uasilia mwenye mwelekeo wa kisoshalisti, na humalizia hapo. Esther kwa kawaida hapati hata sentensi.

Kwa wasioijua, tamthilia hiyo yenye vitendo vinne inahusu kijiji cha wavuvi katika pwani ya Bahari ya Kaskazini. Kniertje ni mjane. Bahari imekwisha kummeza mumewe na wanawe wawili, naye amebakiwa na wana wengine wawili: Geert, aliyetoka jela ya kijeshi akiwa amejaa hasira dhidi ya wakubwa, na Barend, kijana mwoga anayejua wazi kwamba anaiogopa bahari na kwa nini anaiogopa. Tajiri Clemens Bos anataka merikebu yake iende kuvua ingawa mbao zake zimeoza. Fundi mlevi amekwisha kusema hivyo, binti wa tajiri ana habari, na bima imelipiwa. Kniertje, ambaye huwafanyia akina Bos kazi ya usafi, amekwisha kuipokea rubuni ya Barend. Saa ya kuondoka inapofika, anamvisha mwanawe vipuli vya marehemu babake, na mtoto aliyeng'ang'ania mlango anaburutwa na askari. Merikebu inazama. Katika kitendo cha mwisho mama anasimama ndani ya ofisi ya tajiri, na anatoka humo akiwa amekabidhiwa chakula kutoka jikoni kwao.

Wahakiki wanaofuata msimamo wa kitabaka kwa njia ya mkato wamekwisha kuigawa kazi hii. Kwao Geert ndiye mhusika mkuu kwa kuwa ana mwamko, naye Kniertje ni kielelezo cha mnyonge asiyejitambua, anayeubusu mkono unaomnyonga. Baadhi ya wahakiki wa kifeministi, kwa kupita njia nyingine, wamefika mlango uleule: mama huyu, wanadai, ni wakala wa mfumo dume, amempeleka mwanawe kufa kwa kuchelea aibu na kupoteza kibarua. Usomaji wa namna hii una ushahidi katika maandishi, nasi hatuukatai. Tunachokataa ni madai kwamba huko ndiko kuimaliza tamthilia. Ingekuwa hivyo, tusingeweza kueleza kwa nini hadhira ya Uholanzi kwa zaidi ya miaka thelathini haikumwita mtu yeyote kwa jina la Geert, bali ilimwita mwigizaji mmoja kwa jina la Kniertje.

Wapo watakaosema kwamba hiyo ni hisia ya umma, si hoja ya uhakiki. Basi tutazame wanataaluma wenyewe wa jukwaa walichokitenda. Tamthilia ilipopelekwa London mwaka 1903, Ellen Terry, mwigizaji aliyekuwa kileleni mwa sifa Uingereza kwa uhusika wa Shakespeare, hakuutafuta uhusika wa msichana Jo wala wa binti wa tajiri. Aliuchukua wa Kniertje, akauzungusha katika miji. Mwaka 1913, Studio ya Kwanza ya Ukumbi wa Sanaa wa Moscow, iliyoundwa mahususi ili nadharia za Stanislavsky kuhusu mwigizaji zijaribiwe, ilichagua kuanza na tamthilia hiihii chini ya uongozi wa Boleslavsky. Watu waliokuwa wakitafuta sayansi ya uigizaji hawakuiona kama risala ya kisiasa yenye mama dhaifu pembeni. Waliona nafasi ambamo mengi ya yanayotendeka hayamo katika maneno. Mwandishi amempa Kniertje muda mrefu wa kusikiliza. Katika kitendo cha tatu, dhoruba inapovuma nje na wanawake wakisimuliana habari za waliozama, mtu anayesoma kitabu humsahau Kniertje kwa kurasa nzima kwa sababu hasemi. Mtu aliyeketi ukumbini hawezi kumsahau, kwa kuwa yupo mbele yake. Swali la kama mama huyu amejisalimisha au la haliamuliwi na sentensi anazotamka. Linaamuliwa na namna anavyokaa, na hilo liliamuliwa kila usiku na Esther de Boer-van Rijk.

Shutuma ya pili dhidi yake ni kwamba aliurudia uhusika mmoja mpaka ukawa gereza lake. Hii husemwa kwa huruma ya kinafiki, kana kwamba mwigizaji alikosa kipaji cha kutenda jingine. Ukweli ni kwamba alikuwa na miaka 47 tamthilia ilipofunguliwa. Hakuwa mwanafunzi aliyeokotwa na bahati. Sababu ya kurudiarudia tuitafute penye fedha. Makundi ya maigizo ya Uholanzi yaliishi kwa viingilio, na tamthilia iliyojaza viti ilirejeshwa jukwaani kila sanduku lilipokauka. Heijermans mwenyewe alibanwa na uhaba huohuo. Uholanzi ilijiunga na Mkataba wa Berne kuhusu hakimiliki mwaka 1912 tu, na kabla ya hapo ukumbi wa nchi ya kigeni ungeweza kuionyesha kazi yake bila kumlipa senti. Ndiyo sababu mojawapo iliyomfanya ahamie Berlin kati ya 1907 na 1912. Historia hii tunaifundisha kwa uchungu, na ni haki tuifundishe. Lakini ni nani anayetaja kwamba mwigizaji aliyeujenga uhusika hakuwa na haki yoyote ya aina hiyo, kabla ya 1912 wala baadaye? Mkataba wa kimataifa unaowahusu waigizaji ulitiwa saini Rome mwaka 1961, miaka 24 baada ya Esther kuzikwa. Sheria ilimtambua mwenye kalamu ikamwacha mwenye sauti na mwili. Sisi wahakiki, tunaojigamba kuwa tunazifichua itikadi zilizojificha, tumeurithi mgawanyo huo bila kuuhoji.

Suala la filamu linahitaji uangalifu zaidi, kwani ndilo linalotumiwa ovyo. Filamu ya 1918 iliongozwa na Maurits Binger katika kampuni ya Hollandia. Ilikuwa bubu. Mwigizaji aliyezoeleka kwa usemi alilazimika kuyasema yote kwa uso na mikono, akiwa katikati ya miaka ya sitini. Filamu ya 1934, iliyoongozwa na Alex Benno, ina sauti, na ndiyo inayompa mtafiti wa leo nafasi ya kumwona na kumsikia. Hapo ndipo mtego ulipo. Mtafiti huitazama, huona ajuza anayelia, kisha huandika kwamba Kniertje wa Esther alikuwa bibi mwenye huzuni, na kwamba onyesho la mwaka 1900 lilikuwa la kutoa machozi tu.

Kosa hilo ni la hesabu kabla ya kuwa la nadharia. Mwaka 1934 mwigizaji alikuwa na takriban miaka 81. Barend ni kijana ambaye hajakomaa. Mwanamke wa umri huo angeweza kuwa nyanyake. Mwaka 1900, kwa miaka 47, Esther alikuwa na umri hasa wa mama mwenye wana wa kupeleka baharini: mwanamke mwenye nguvu za kusugua sakafu za tajiri, mwenye miaka mingi mbele yake ya kuendelea kuzisugua. Tofauti hiyo inabadili maana yote. Mama wa miaka 47 anapotoka ofisini na chakula cha msaada mkononi, hadhira inamwona mtu ambaye lazima arudi kazini kesho kwa mwuaji wa wanawe. Ajuza wa miaka 81 akifanya tendo hilohilo, hadhira inamwona mtu anayekaribia kupumzika. Tendo la kwanza linamshtaki Bos. La pili linamwombolezea Kniertje, na Bos anapenya kando bila kuguswa.

Hatusemi kwamba mzee huyo aliiharibu filamu. Mazingira yalikwisha kubadilika. Bunge la Uholanzi lilipitisha sheria ya usalama wa vyombo vya baharini mwaka 1909, na imekuwa desturi kudai kwamba tamthilia ndiyo iliyoileta. Dai hilo tulipokee kwa tahadhari, kwani Uingereza ilikuwa imekwisha kulazimisha alama za shehena tangu 1876 bila ya Heijermans, na miaka tisa si kitambo kifupi cha kungoja matokeo ya onyesho. Lakini kama tamthilia ilichangia chochote katika kuuandaa umma, ilichangia kwa njia ya ukumbi. Wavuvi na vibarua wengi hawakununua kitabu. Kufikia 1934, sheria ilikuwa na miaka 25, merikebu mbovu imekuwa kisa cha zamani, na watazamaji waliingia kumtazama bibi wa taifa kwa mara ya mwisho. Uigizaji uleule uliokuwa mashtaka ukawa kumbukumbu. Guido Pieters alipoitengeneza upya filamu hiyo mwaka 1986 na kumpa Kitty Courbois uhusika wa Kniertje, alimrudisha mama katika umri wa kati; Courbois alikuwa ndio kwanza anakaribia hamsini. Yeyote anayetaka kuandika tasnifu kuhusu itikadi katika Op Hoop van Zegen na aanzie hapo, azilinganishe filamu hizo mbili penye kitendo cha ofisini.

Kuna atakayeuliza mambo haya yanatuhusu nini. Yanatuhusu kwa sababu makosa ni yetu pia. Kinjeketile ya Ebrahim Hussein ilichapishwa mwaka 1969, na rundo la maswali limetungwa tangu hapo kuhusu maji, imani na uongozi. Watahiniwa wangapi wamewahi kuulizwa jinsi mwigizaji anavyoubeba mwili wa mtu aliyepandwa na Hongo, na onyesho linakuwaje akiubeba kwa shaka badala ya yakini? Cha ajabu ni kwamba dola imekuwa mhakiki bora kuliko sisi. Mwaka 1977 serikali ya Kenya ilifuta kibali cha kuonyesha Ngaahika Ndeenda huko Kamiriithu, ambako waigizaji walikuwa wakulima na wafanyakazi wenyewe, na mmoja wa waandishi akawekwa kizuizini. Maandishi ya tamthilia hiyohiyo yalichapishwa mwaka 1980 na kuuzwa madukani. Aliyefuta kibali alijua vyema mahali hatari ilipokuwa.

Limebaki jambo moja ambalo uhakiki wa maandishi pekee hauwezi hata kuliona. Esther de Boer-van Rijk alikuwa Myahudi, kama Heijermans. Mama wa wavuvi wa Kikristo, aliyekuwa uso wa Uholanzi maskini kwa vizazi viwili, alikuwa binti wa Kiyahudi wa Rotterdam. Katika kitabu jambo hili halimo. Kniertje ana majaaliwa yake na Mungu wake wa kijijini. Jukwaani lilikuwemo kila usiku, na hadhira ililijua, na haikumwona mgeni. Wanaodai kwamba mwigizaji ni chombo tu cha kupitishia maneno watueleze ukumbi ule tuusomeje. Jengo ambamo Kniertje alionekana kwa mara ya kwanza, Hollandsche Schouwburg, liliitwa Joodsche Schouwburg kwa amri ya wavamizi wa Kijerumani mwaka 1941, likaachiwa wasanii wa Kiyahudi na watazamaji wa Kiyahudi pekee. Kuanzia Julai 1942 viti viliondolewa, na makumi ya maelfu ya Wayahudi walikusanywa humo kabla ya kupelekwa Westerbork, na kutoka huko kwenye kambi za mauaji. Esther alikuwa amefariki miaka mitano kabla. Leo sehemu kubwa ya jengo hilo haina paa, na mahali palipokuwa na jukwaa pana mnara wa kumbukumbu.