Jembe au Nyumba

Ukitoka Kanisa Kuu la Mtakatifu Yosefu ukaelekea Kariakoo kwa miguu, unapita Mnazi Mmoja, na hapo jirani uko Mtaa wa Lumumba, ilikozaliwa TANU tarehe 7 Julai 1954. Sisi mafrateri hupita hapo mara kwa mara tukifuata viatu na madaftari ya bei nafuu, na ni wachache wetu wanaosimama. Safari hii tulisimama, kwa sababu muhula huu darasa letu la falsafa ya siasa lilitupa kazi ya kuuchunguza uchaguzi wa wabunge wa Septemba 1965, wa kwanza tangu Tanganyika na Zanzibar ziungane tarehe 26 Aprili 1964.

Tukiri kwamba tuliianza kazi ile kwa dharau. Katiba ya Muda ya 1965 ilikuwa imebakiza TANU peke yake Bara na Afro-Shirazi Visiwani. Chama kimoja, uchaguzi gani?

Uchaguzi ulikuwepo. Karibu kila jimbo la Bara lilikuwa na wagombea wawili, wote wa TANU. Mmoja alipewa alama ya jembe, mwingine nyumba, maana wapiga kura wengi hawakujua kusoma. Walipanda jukwaa moja, mkutano mmoja, mbele ya watu wale wale. Walikatazwa kutumia kabila, dini au rangi, na hakuna aliyeruhusiwa kusema kwamba Mwalimu Nyerere anamtaka yeye. Kati ya majimbo 107, waliopita bila kupingwa walikuwa sita tu. Paul Bomani, Waziri wa Fedha, aliangushwa kwao Mwanza. Hapa Dar es Salaam Derek Bryceson, Mzungu, alishinda kwa kura za Waafrika. Kule Morogoro Amir Jamal, mwenye asili ya Kihindi, naye akashinda. Waliodhani wananchi watapiga kura kwa kuangalia ngozi walikosea.

Lakini tusipambe. Majina yalichujwa na Halmashauri Kuu ya TANU, na aliyekipinga chama hakuwa na pa kusimama. Bomani mwenyewe alirudi Bungeni kwa mlango mwingine na akapewa wizara. Kubwa zaidi, ndugu zetu wa Zanzibar walimpigia kura Rais, ila wabunge wao hawakuwachagua. Waliteuliwa. Baraza la Wawakilishi lao lilikuja 1980. Tunapozungumzia kero za Muungano tunapenda kuanzia kwenye idadi ya serikali na mgawanyo wa mapato, wakati kero nyingine ni ya zamani zaidi: Bunge la Muungano lilianza likiwa na wabunge waliotumwa na wananchi wao, na wengine ambao wananchi wao hawakuulizwa.

Kuna jambo jingine tuliloliona, nalo ndilo lililotufanya tuandike. Mwaka 1965 mpiga kura wa Bara alikuwa na maamuzi mawili. Kwa Rais lilikuwepo jina moja, akaambiwa aseme ndiyo au hapana. Kwa mbunge alikuwa na majina mawili. Nyerere alipata zaidi ya asilimia 90, na hatuna shaka kwamba wengi walimpenda kweli. Lakini kura iliyowatetemesha wakubwa ni ile ya jembe na nyumba. Waziri anaogopa mtu aliyesimama pembeni yake jukwaani. Neno hapana peke yake halimtishi sana, kwa sababu halina sura wala halina ahadi.

Mwaka 2020, tukiwa na vyama vingi kwa karibu miaka 30, zaidi ya wabunge 20 walipita bila kupingwa. Sheria ya uchaguzi ya 2024 imeliondoa hilo, na sasa mgombea aliyebaki peke yake lazima apigiwe kura. Tunaipongeza hatua hiyo, ila tusijidanganye: tumerudishiwa ile kura ya ndiyo au hapana, wala si ile ya jembe na nyumba. Swali la kwa nini wapinzani wake walienguliwa au waliogopa kuchukua fomu bado liko pale pale.

Wapo watakaotuambia tubaki na rozari zetu. Tunawakumbusha kwamba wananchi walipopiga kura Septemba ile, maaskofu wa dunia, na Kardinali Laurean Rugambwa akiwa mmoja wao, walikuwa kwenye kikao cha mwisho cha Mtaguso wa Pili wa Vatikano. Desemba ikatoka Gaudium et Spes, na namba 75 inasema kupiga kura kwa uhuru ni haki ya raia na pia ni wajibu wake. Wajibu huo mtu atautimizaje akikuta karatasi imeshaamuliwa?

Siku ile pale Kariakoo, mzee mmoja muuza vifaa vya ujenzi alitusikia tukibishana, akacheka. Tulimwamkia. Alisema mwaka ule alikuwa mtoto huko Rufiji, akamsindikiza mama yake kituoni. Mama yake alikuwa mkulima, kila mtu alijua atachagua jembe. Alichagua nyumba. Mwenye jembe, alisema, tangu apate ubunge hakuwahi kurudi kusalimia.