Nani Atairithi Fidla Yetu?



Karibuni nilialikwa harusini Ibra. Chakula tele, ukumbi umepambwa, wazee wanazungumza Kiswahili utadhani wapo barazani Malindi. Ulipofika wakati wa taarab, kijana mmoja akabonyeza kinanda cha umeme, zikalia fidla bila ya mpigaji hata mmoja. Pembeni yangu alikaa mzee aliyepiga fidla Unguja ujanani mwake. Nikamuuliza: "Mzee wangu, una mwanafunzi?" Akanijibu: "Hapana aliyewahi kuniomba, mwanangu."

Jibu lile limeninyima usingizi. Sisi ambao familia zetu zilirudi baada ya 1970, tukatawanyika Sur, Ibra, Nizwa na Maskati, tulirudi na lugha na mapishi. Muziki tumeuachia kanda.

Wapo watakaosema kanda zinatosha. Hazitoshi. Shingo ya fidla haina vigawanyo kama gita; kidole ndicho kinachoitafuta sauti. Ndiyo maana fidla inazitoa zile sauti za katikati za maqamu ya Rast na Bayati, ambazo kinanda cha kawaida hakina. Elimu hiyo mtu huipata kwa kukaa mbele ya mwalimu, akakosea, akasahihishwa.

Oman haikulala. Kituo cha muziki wa asili kilianzishwa Maskati mwaka 1983, kikarekodi ngoma nyingi za mikoani. Sur imetutolea Salim Rashid Suri, baharia na mpiga udi, na sauti yake tunaisikia hadi leo kwa sababu ya santuri. Lakini santuri humhifadhi aliyekwisha kupita, haimzalii mrithi.

Tazameni Unguja. Ikhwan Safaa ipo tangu 1905 kwa sababu wakubwa waliwafunza wadogo. Mwaka 2002 kikafunguliwa Chuo cha Muziki wa Nchi za Jahazi, na leo wapo wasichana wa Unguja wanaopiga fidla waliyojifunza pale. Hata hivyo chuo kile kimeegemea wafadhili wa kigeni, wakiwemo Wanorwei, na mwaka 2019 kilikaribia kufungwa kwa ukosefu wa fedha. Nawashukuru Wanorwei. Lakini nauliza: mtu wa theluji aionee uchungu fidla ya Unguja, sisi tuliolelewa nayo tunyamaze?

Nizwa ni mji wa wanavyuoni, na najua wapo wasiotaka ala kabisa. Nawaheshimu, wala siwasemi wao. Nasema na sisi tunaomlipa mtu wa kinanda kila Ijumaa. Wapo pia wanaoogopa kuitwa "Wazanzibari" wakionekana na taarab. Hao nawaambia: tunaitwa hivyo hivyo hata tukinyamaza.

Ninachopendekeza ni kidogo. Katika kila harusi, tumwite mpigaji mmoja wa kweli, na ubavuni pake tumkalishe kijana mmoja ajifunze. Sehemu ya pesa za mapambo tumnunulie kijana huyo fidla. Tukifanya hivyo mwaka mmoja, tutakuwa na wanafunzi wachache. Tusipofanya, tutakuwa na kanda na makaburi.

Yule mzee wa Ibra bado yupo. Mimi nimeshamuombea mwanangu nafasi. Nyinyi je?