Chenga Hazikutunyima Kicheko

Leo naweka kando mambo ya kuandika programu niseme linalonikera. Kila muuza skrini ananiimbia HD, HD, HD. Kwa vipindi vya vichekesho, mimi naona tunapima kitu kisicho chenyewe.

Nimekulia karibu na Runyenjes, Embu. Televisheni yetu ilikuwa ya inchi 14, picha nyeusi na nyeupe, na ilitumia betri ya gari. Vitimbi cha KBC kikianza, kazi yangu ilikuwa kusimama nje nikizungusha mlingoti wa antena.

"Sasa?"
"Bado!"
"Na sasa?"
"Hapo hapo, usiguse!"

Nikirudi ndani namkuta Mzee Ojwang' (marehemu Benson Wanjau, aliyefariki 2015) amezama kwenye chenga, hata uso hauonekani vizuri. Lakini nyanya anafuta machozi kwa kucheka! Sauti ilisikika, na Mama Kayai alikuwa akimjibu mumewe papo kwa papo.

Sababu ni ya kiufundi. Analojia ilituma fremu 25 kila sekunde. Mawimbi yakidhoofika, picha ilichakaa polepole bila kusimama, na sauti, iliyosafiri kwa wimbi lake, mara nyingi ilisikika hata picha ikijaa chenga.

Mwaka 2015 Kenya ikazima analojia, tukamnunulia nyanya king'amuzi. Picha ikang'aa kweli kweli. Ila dijitali haijui kuchakaa polepole. Mawimbi yakishuka chini ya kiwango fulani, picha inakuwa miraba miraba, inaganda, na sauti inakatika. Huku kwetu kwenye miinuko na mabonde ya Mlima Kenya, hilo si geni. Tena inaganda palepale kabla ya jibu! Mtu ameshavuta pumzi acheke, kimya. Picha ikirudi, tunaulizana, "Amesema nini?"

Juzi nilitoka Meru mjini, ninakofanya kazi, nikamfungulia nyanya kipindi cha zamani kwenye simu. Kwa 720p kilisimama kila mara. Nikashusha hadi 240p, yaani pikseli zikapungua karibu mara tisa. Nyuso zikawa na ukungu, lakini mazungumzo yakatiririka. Nyanya akanishika mkono: "Wacha hapo hapo, mjukuu wangu. Usiguse."

Sikatai, picha ina kazi yake. Kandanda kwa 240p ni mateso, maana mpira wenyewe unapotea. Na kuna mzaha ulio usoni tu, bila neno. Lakini mzaha wa maneno huishi kwa wakati wake, na ukichelewa sekunde mbili umekufa.

Wenzangu mnaotengeneza programu za video, mbinu ipo: video hukatwa vipande vifupi vya viwango mbalimbali, na programu huchagua kinacholingana na kasi ya intaneti. Basi anzeni chini, mpande taratibu. Kasi ikipungua, shusheni picha kabla hamjasimamisha kipindi. Lindeni sauti kwanza. Mwacheni nyanya amalize kicheko chake.