Anayeandika programu anatumia batri ya mwingine

Maji ya Lualaba yanazungusha mitambo ya Nzilo tangu miaka ya 1950. Bwawa hilo, ambalo wakati wa Wabelgiji liliitwa Delcommune, lilijengwa ili kupeleka umeme kwenye migodi na viwanda vya Union Minière. Nguvu yake ni megawati 108. Nyaya zinapita juu ya vijiji na kwenda zake. Chini ya nyaya hizo kuna jamaa ambazo mpaka leo zinalipa ili kuchaji simu, kwenye kibanda chenye paneli ya jua au jenereta ndogo. Katika Kongo nzima, ni mtu mmoja hivi kati ya watano anayepata umeme.

Kwa jamaa iliyoondolewa mahali pake, simu si kitu cha kuchezea. Ndani yake kuna picha za nyumba na za shamba kabla ya kubomolewa. Kuna namba ya chifu na ya jirani aliyepelekwa upande mwingine. Pesa inatumwa kwa simu, na habari za radio zinafuatwa humo. Mnamo Septemba 2023, Amnesty International na shirika la Kongo IBGDH walitoa ripoti kuhusu watu wa Kolwezi walioondolewa kwa nguvu kwa sababu ya migodi ya shaba na kobalti kupanuka, hata ndani ya mji, kwenye Cité Gécamines. Watu kama hao wakiitwa kwa habari ya fidia na simu imezimika, hasara si ya simu tu.

Ndiyo maana wakaaji wanapaswa kujua jambo ambalo mara nyingi linaachiwa mafundi: simu na kompyuta zina programu ambazo kazi yake ni kuchunga joto na umeme.

Ndani ya chip mna vipimo vidogo vya joto. Programu ya mfumo inavisoma kila wakati. Joto likipanda, inapunguza mwendo wa chip, kama dereva anayepunguza gesi kwenye mlima ili injini isichemke. Kupunguza huko kuna faida kuliko watu wanavyofikiri. Umeme unaotumika kufanya hesabu ndani ya chip unafuata mwendo wake, na unafuata volti mara mbili. Mwendo ukishuka kwa asilimia 10 na volti vilevile, umeme huo unapungua kwa asilimia 27 hivi. Kazi itachukua muda zaidi kidogo, lakini ikiisha, chip itakuwa imekula umeme pungufu kwa karibu asilimia 19. Joto pia linapungua, na joto ndilo adui mkubwa wa batri ya lithiamu.

Tena kuna vipande vya programu vilivyoandikwa tayari, ambavyo mafundi wanaviita maktaba. Mtu anayetengeneza programu ya simu anaviazima badala ya kuandika kila kitu upya. Kwenye Android kuna maktaba inayomruhusu kusema: kazi hii ifanyike tu wakati simu iko kwenye chaji. Tangu Android 10, ya mwaka 2019, programu inaweza pia kuuliza simu ina joto kiasi gani, kisha ipunguze kazi yenyewe. Kwenye kompyuta za Linux, programu iitwayo TLP inapunguza matumizi ya umeme, na kwa kompyuta fulani za mkononi inaweza kuamuru batri isijazwe kupita asilimia 80 ili idumu miaka mingi zaidi. Haiuzwi, ni ya bure.

Vifaa hivyo vipo, basi. Shida ni kwamba watengenezaji wengi hawavitumii. Programu moja inaamsha simu usiku kucha kutafuta matangazo. Nyingine inauliza simu iko wapi kila dakika, ingawa mwenye simu amelala. Aliyeiandika ana umeme ukutani mchana na usiku, kwa hiyo haoni hasara yoyote. Hasara inamfikia mama wa Nzilo anayerudi kwenye kibanda cha kuchaji mara mbili kwa siku moja badala ya mara moja kwa siku mbili. Anayeandika programu bila kufikiri umeme anatumia batri ya mtu mwingine, na hajamwomba ruhusa.

Zaidi ya hapo, kobalti nyingi iliyo katika batri za dunia imetoka katika ardhi hii. Kongo inachimba zaidi ya theluthi mbili za kobalti yote ya ulimwengu, na Kolwezi ndiyo kitovu cha kazi hiyo. Batri inayokufa kabla ya wakati inadai batri nyingine. Batri nyingine inadai shimo kupanuliwa, na shimo likipanuliwa, mtaa mwingine unaambiwa uhame. Hakuna anayeweza kusema kwamba programu nzuri peke yake itafunga mgodi hata mmoja. Lakini kampuni inayojisifu kwa simu safi, huku programu zake zikichosha batri katika miaka miwili, inawadai watu wa Lualaba maelezo.

Sheria moja lazima ifuatwe: mwenye simu aambiwe. Mwaka 2017 Apple ilikiri kwamba ilikuwa inapunguza mwendo wa iPhone zenye batri iliyochoka, ili zisizimike ghafla. Sababu yenyewe ilikuwa na maana. Kosa lilikuwa kuficha. Wengi walidhani simu imekufa wakanunua mpya, kumbe batri mpya ingetosha. Mwaka 2020 Ufaransa iliitoza faini ya euro milioni 25, na huko Marekani kampuni ilikubali kulipa hadi dola milioni 500. Mnunuzi wa Kolwezi, ambaye mara nyingi ananunua simu iliyokwisha tumika Ulaya au Dubai, anastahili kujua ukweli uleule.

Wengine watasema kwamba kuwafundisha maskini kubana umeme ni kuwasaidia wakubwa kusahau deni lao. Hoja hiyo ina uzito. Mtu asiyepata hata taa moja hana mengi ya kubana, na hakuna programu itakayochukua nafasi ya nguzo na transfoma. SNEL, serikali ya jimbo na kampuni za migodi zinapaswa kuulizwa kila siku kwa nini kijiji kilicho karibu na bwawa kinakaa gizani. Lakini swali hilo linaulizwa kwa simu, kwa picha na kwa sauti, na simu iliyozimika haiulizi kitu.

Wakati wa kungoja, kuna mambo yasiyodai pesa. Kila mtu awashe kibana-umeme cha simu yake na apunguze mwanga wa kioo. Mwenye kibanda asirundike simu za watu juani karibu na paneli, hasa mwezi wa kumi kabla ya mvua, maana joto hilo linaua batri za wateja wake. Mwenye redio ndogo ya FM aisikilize hiyo, aache kusikiliza kwa intaneti. Shule na radio za jamii zenye kompyuta kwenye jenereta zimwombe fundi aweke programu ya kuchunga umeme. Mafuta yatakayobaki yatawasha saa nyingine ya matangazo.

Nao vijana wa Kolwezi na Lubumbashi wanaojifunza kuandika programu waanze na swali hili kabla ya rangi na picha: programu hii itakula kiasi gani cha chaji ya mtu aliyeilipia kibandani?