Miaka ya Chaki Isiyohesabiwa
Mwalimu wa shule ya serikali hapa Goma, mashariki mwa Kongo, akivunjika mgongo leo, ataulizwa karatasi kwanza, mgongo baadaye. Tangu 2015 tuna CNSSAP, mfuko wa kuwatunza watumishi wa serikali katika uzee na ulemavu. Jambo jema, sibishi. Lakini mfuko humjua aliyekatwa mchango. Je, vipi wale waliofundisha miaka mingi bila namba ya serikali, wakilipwa na wazazi, hadi elimu ya msingi ilipofanywa bure mwaka 2019? Chaki yao Kinshasa haikuiandika. Na mwenye namba naye, tangu waasi wa M23 waingie mjini Januari 2025 na benki kufungwa, hufuata pesa yake Gisenyi, ng'ambo ya mpaka wa Rwanda. Mstari wa pale, kwa mtu wa magongo, ni mrefu.