Mcheza Kwao Hutuzwa, Ila kwa Lugha Gani?

Wahenga walinena kuwa mcheza kwao hutuzwa. Lupita Nyong'o alituzwa ugenini. Mnamo Machi 2014, mjini Los Angeles, alitwaa tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike kwa kumwigiza Patsey, mtumwa wa shamba la pamba, katika filamu ya 12 Years a Slave. Wakenya tulishangilia na kumwita "wetu". Makala haya yanauliza: sisi wana-Kiswahili tulichangia nini katika ufanisi huo?

Ifahamike kwamba Lupita hakuzuka ghafla kama uyoga. Alizaliwa Mexico mwaka wa 1983, akalelewa Nairobi, na akiwa na umri wa miaka 14 tayari alikuwa jukwaani akiigiza Juliet. Mwaka wa 2009 alishiriki katika Shuga, mchezo wa televisheni uliohusu vijana na UKIMWI. Mwaka uo huo aliongoza In My Genes, filamu kuhusu maisha ya watu wenye ulemavu wa ngozi nchini Kenya. Kisha akasomea uigizaji katika Chuo Kikuu cha Yale, akahitimu mwaka wa 2012.

Upana wa kipawa chake ni dhahiri shahiri. Katika Queen of Katwe (2016) yeye ni mama mjane anayehangaikia wanawe katika mtaa wa mabanda jijini Kampala. Katika Us (2019) anaigiza wahusika wawili wenye sura moja, na ni sauti, mwendo na pumzi zinazowatenganisha. Katika The Wild Robot (2024) haonekani kabisa. Amebaki na sauti tu, nayo inatosha.

Hapa ndipo penye funzo. Katika kumbi zetu za mihadhara, tamthilia ni kitabu cha kuchambuliwa: maudhui, wahusika, mbinu, basi. Mwanafunzi aweza kuhitimu akiwa bingwa wa nadharia za drama ilhali hajawahi kukanyaga jukwaa wala kuisikia mistari aliyoihakiki ikitamkwa. Tunaandalia mtihani, hatuandalii hadhira. Tusishangae, basi, kwamba filamu zilizomjengea jina Lupita ni za Kiingereza.

Huenda msomaji akadai kuwa Kiswahili hakina soko. Hoja hii haina mashiko. Vitimbi na Vioja Mahakamani vilikusanya familia mbele ya televisheni ya taifa kwa miaka mingi, na vilifanya hivyo kwa Kiswahili. Hadhira ilikuwepo. Sisi wasomi ndio tuliovicheka jioni na kuvidharau asubuhi, tukaviona havistahili hata tasnifu moja.

Napendekeza kila kozi ya tamthilia ihitimishwe kwa onyesho, na chama chetu kiandae walau mchezo mmoja mpya kila mwaka. Lupita wa kesho huenda ameketi darasani mwetu sasa hivi, akinakili sifa za wahusika. Tumpe jukwaa, ili akicheza, acheze kwao.